Dai Lako Lisingoje Siku ya Kesi

Wadogo zangu wa Tukuyu, Kiwira, Ushirika, Katumba na nyie wa huko Busokelo! Najua mvua inapiga bati tangu alfajiri na wengi mnasoma haya mkiwa mmesogea karibu na moto jikoni. Kaeni hapo hapo. Leo sizungumzi habari za wachumba wala za mawifi. Nataka tuzungumze juu ya karatasi moja ambayo siku ikifika mlangoni kwako mikono itakutetemeka, nayo ni samansi.

Jambo lenyewe ni hili. Mtu amekupeleka mahakamani anakudai. Kumbe na wewe unamdai, tena huenda deni lako ni la zamani kuliko lake. Je, hilo dai lako unalisema lini?

Ukiwauliza watu kumi sokoni, wengi watakujibu, "Siku ya kesi nitasema." Shangazi yangu naye alijibu hivyo hivyo. Nimepata ruhusa yake niwasimulie yaliyompata, ili nyie yasiwapate.

Shangazi ni mkusanyaji wa parachichi. Wakulima humletea mzigo, yeye anapima, anajaza fuso, mnunuzi anachukua. Mnunuzi mmoja alimwachia shilingi milioni 40 malipo ya awali ya msimu. Mvua ya mawe ikapukutisha maua, mzigo ukawa haba, na yule mnunuzi akafungua kesi adai fedha zake. Lakini mnunuzi huyo huyo alikuwa hajamlipa shangazi mzigo wa msimu uliotangulia, wa milioni 26. Shangazi aliandika kila kitu kwenye kaunta buku lake: tarehe, kilo, namba ya gari, sahihi ya dereva. Sijawahi kuona daftari safi kama lile.

Samansi ilipokuja, aliiweka ndani ya Biblia. Zikiwa zimebaki siku chache muda uishe, akaenda kwa kijana mmoja anayeandikia watu barua. Kijana akamwandikia majibu ya ukurasa mmoja: mdaiwa anakana madai yote. Yakapokelewa ndani ya muda. Shangazi akarudi nyumbani amefarijika, akalifunga kaunta buku lake kwa kitambaa, akingoja siku yake ya kusema.

Siku hiyo ilikuja baada ya miezi mingi. Shahidi wa mnunuzi alishamaliza kutoa ushahidi. Shangazi akasimama, akafungua daftari, akaanza kueleza milioni zake 26. Akakatizwa. Dai hilo halikuwamo kwenye majibu yake, na mahakamani mtu hufungwa na alichokiandika kwenye hati zake. Hapo ndipo tukakimbilia kwa wakili. Akaomba ruhusa ya kurekebisha majibu, ombi likakataliwa kwa kuwa shauri lilishafika mbali na hapakuwa na sababu ya maana ya kuchelewa. Mama wa watu akashuka kwenye kizimba na daftari lake limefungwa.

Wadogo zangu, hakuna aliyemdhulumu siku ile. Sheria ilifuatwa. Kilichomwangusha ni kutokujua, na sisi wanawe tuliosoma tulikuwa tumekaa mjini bila kumuuliza hata mara moja ile samansi inasema nini. Hilo bado linaniuma. Ndiyo maana naandika.

Dai la mdaiwa linaitwaje?

Kisheria linaitwa madai kinzani. Aliyefungua kesi ni mdai, wewe uliyeshtakiwa ni mdaiwa. Ukileta madai kinzani, mnakuwa wote wawili wadai na wote wawili wadaiwa katika jalada moja. Sheria inayoongoza jambo hili Tanzania Bara ni Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, iliyotungwa mwaka 1966. Mlango wa kuutafuta ndani yake ni Amri ya 8.

Amri hiyo inasema mdaiwa mwenye dai dhidi ya mdai anaweza kulieleza ndani ya hati yake ya utetezi, yaani yale majibu ya maandishi. Shikeni neno hilo "ndani". Madai kinzani husafiri mgongoni mwa utetezi, kama mtoto na mama yake. Hayana siku zake za pekee. Siku za utetezi zikiisha, na yenyewe yamebaki njiani.

Ukishayaleta, mahakama inayatazama kama kesi kamili. Kwa hiyo yaandikwe kama kesi kamili: nini kilitokea, lini, wapi, unadai kiasi gani, na unaomba mahakama ikupe nini. Yana ada yake pia. Usiandike "na mimi namdai" halafu ukaweka nukta. Mdai wako naye atapewa nafasi ya kuyajibu kwa maandishi, kama wewe ulivyopewa.

Yana faida kubwa ambayo watu hawaijui. Mdai akiona mambo yanamgeukia, akaamua kuiondoa kesi yake, au kesi yake ikifutwa, madai kinzani yako yanaweza kuendelea peke yake. Hawezi kukuburuta mahakamani halafu akaondoka bila lawama, wewe ukabaki na nauli zako.

Dai lako likiwa ni fedha taslimu yenye hesabu inayojulikana, kama zile milioni 26 za shangazi, unaweza pia kuomba ikatwe kwenye deni unalodaiwa. Hilo nalo huandikwa mle mle kwenye utetezi. Mwambie anayekuandikia, "Namdai pia," kabla hajashika kalamu. Sentensi hiyo fupi ingemwokoa shangazi yangu.

Tuhesabu siku pamoja

Chukua kalenda ya ukutani. Tangu marekebisho ya mwaka 2019, yaliyokuja kwa Tangazo la Serikali Namba 381, mdaiwa ana siku 21 za kuwasilisha utetezi tangu alipofikishiwa samansi. Siku uliyoipokea haihesabiwi. Ukipokea tarehe 4, unaanza kuhesabu tarehe 5, na siku yako ya 21 ni tarehe 25.

Muda ukikubana, sheria imekuachia upenyo. Unaweza kuomba kuongezewa muda kabla ya siku 21 kwisha, au ndani ya siku 7 baada ya kwisha. Lazima uonyeshe sababu ya msingi iliyokuzuia. Ukikubaliwa, unaongezewa siku 10. Kwa yule wa tarehe 4, siku ya mwisho ya kuomba inaangukia siku ya 28 tangu aanze kuhesabu. Ikipita hiyo, upenyo umezibwa.

Sababu ya msingi ni ipi? Kulazwa hospitali, na cheti unacho. Msiba wa mtu wako wa karibu. Samansi kuachwa mahali ambapo haikukufikia kwa wakati. "Nilikuwa na kazi nyingi za shamba" haitakubeba, hata kama ni kweli kwamba majani ya chai hayamngoji mtu.

Na ukinyamaza kabisa? Mdai atathibitisha kwa kiapo kwamba samansi ilikufikia, na kesi itasikilizwa upande mmoja. Utahukumiwa ukiwa nyumbani unapalilia. Hukumu ya namna hiyo unaweza kuomba itenguliwe kwa kueleza kilichokuzuia, lakini hapo utakuwa unapigania kurudi uwanjani, wakati mwenzio alishafunga.

Ukiweza, usifike siku ya 21. Siku hizi hati nyingi zinaingizwa kwa mfumo wa mtandao wa Mahakama, unapewa namba ya malipo, unalipa ada. Mtandao ukikatika saa tano usiku wa siku ya mwisho na umeme wa Tukuyu nao ukaondoka na mvua, utamweleza nani? Wasilisha mapema, lipa siku hiyo hiyo, tunza risiti.

Nimeshachelewa, dada. Nifanyeje?

Usilie kwanza. Jiulize umechelewa kwa namna gani, maana kuchelewa kuko kwa aina mbili.

Kama utetezi wenyewe haujaingia na bado uko ndani ya zile siku 7, ondoka leo. Nenda uombe muda, na hati utakayoileta baadaye iwe na utetezi na madai kinzani pamoja.

Kama utetezi uliingia kwa wakati ila dai lako ulilisahau, kama shangazi, njia iliyopo ni kuomba ruhusa ya kurekebisha hati yako. Sheria inairuhusu mahakama kukubali marekebisho katika hatua yoyote pale yanapohitajika ili kiini cha mgogoro kiamuliwe. Lakini ni ruhusa, hupewi kama haki yako. Hakimu atapima: umechelewa kiasi gani, kwa nini, na mwenzio ataumia vipi. Ukiomba kabla ya kikao cha awali cha kupanga ratiba ya kesi, nafasi yako ni nzuri. Ukiomba baada ya hoja zinazobishaniwa kuandikwa, unapanda mlima. Ukiomba wakati mashahidi wameshaanza kusema, unapanda Mlima Rungwe kwa magoti.

Swali hili hili liliwasumbua Wahindi, na nalileta kwa sababu. Sheria yetu ya 1966 ilirithi mengi kutoka kwenye Sheria ya Mwenendo ya India ya mwaka 1908, iliyokuwa ikitumika hapa kabla yake. Novemba 2019, Mahakama ya Juu ya India iliamua katika shauri la Ashok Kumar Kalra kwamba mdaiwa anaweza kuruhusiwa kuleta madai kinzani hata baada ya kuwasilisha utetezi wake, lakini kwa kawaida si baada ya hoja za kesi kuandikwa. Majaji wakasema mahakama iangalie urefu wa kuchelewa, sababu yake, na kama mwenzake ataonewa. Uamuzi wa India haumfungi hakimu wa Tanzania, ila unatuonyesha jinsi watu wenye sheria ndugu na yetu wanavyofikiri: mlango unaachwa wazi kidogo mwanzoni mwa kesi, kisha unafungwa ili kesi iwe na mwisho. Nami nawaelewa. Kama kila mtu angeruhusiwa kuleta dai jipya kila kikao, hata yule mwenye haki asingepata hukumu akiwa hai.

Njia ya mwisho ni kufungua kesi yako mwenyewe, mpya. Shangazi alifanya hivyo. Alilipa ada upya, akalipa wakili upya. Mnunuzi akaweka pingamizi kwamba mambo haya yalishaamuliwa. Sheria yetu kweli inakataza kurudisha jambo lililokwisha kuamuliwa, na hata jambo ambalo lilipaswa kuletwa kwenye kesi ya kwanza likaachwa. Shangazi alivuka kwa sababu mzigo wake ulikuwa wa msimu mwingine na makubaliano mengine. Kama ungekuwa wa makubaliano yale yale, sijui kama angevuka salama. Hata hivyo pingamizi lilimla miezi, na siku alipopata hukumu, mnunuzi alikuwa ameshauza fuso na kufunga ghala. Shangazi ana hukumu nzuri kwenye bahasha. Fedha anaipata kidogo kidogo.

Saa nyingine inayotembea

Kuna hesabu ya pili ambayo watu wa Rungwe mnapaswa kuijua, kwa kuwa kesi zetu nyingi ni za ardhi. Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, inatoa miaka 12 kudai ardhi, miaka 6 kudai jambo la mkataba, na miaka 3 kudai fidia ya madhara, kama mtu kukuharibia mali.

Sasa tuseme jirani alikata migomba yako na miti ya mpakani. Wewe ukasema, "Yaishe, ni jirani." Mwaka wa tano jirani huyo anakushtaki kwamba umeingia kwenye eneo lake. Dai lake la ardhi bado lina uhai. Dai lako la migomba lilikufa tangu mwaka wa tatu, na kwa kuwa madai kinzani huhesabiwa kama kesi kamili, huwezi kulifufua kwa kulipenyeza kwenye utetezi wako. Upole wako umekuwa upanga wake. Siwafundishi ugomvi. Nawaomba tu mnapoamua kusamehe, msamehe kwa kujua, na mnapoamua kungoja, mjue mnangoja mpaka lini.

Mgogoro wa ardhi una njia yake. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, Baraza la Kata halitoi tena hukumu ya ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha, na likishindwa linathibitisha hivyo ndipo shauri liende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambalo kwetu liko Tukuyu. Rufaa kutoka pale huenda Mahakama Kuu, Kanda ya Mbeya. Baraza lina kanuni zake za mwaka 2003, na pale zinapopungukiwa, linaazima ile ile Sura ya 33. Kwa hiyo mazoea ni yale yale: dai lako liandike kwenye majibu yako ya kwanza.

Mahakama ya Mwanzo nayo ina kanuni zake, za mwaka 1964, na mambo ni mepesi zaidi. Lakini hata pale, mweleze karani na hakimu tangu siku ya kwanza kwamba nawe una dai. Usilifiche kama zawadi.

Wiki yako ya kwanza

Siku samansi inapofika, andika juu yake tarehe na saa uliyoipokea na jina la aliyekuletea. Kukataa kuipokea hakukusaidii, maana aliyeileta ataapa kwamba ulikataa. Soma ni mahakama gani, shauri namba ngapi, na unatakiwa lini. Weka alama kwenye kalenda siku ya 10, ya 14 na ya 21.

Siku ya pili, kaa na karatasi mbili. Moja andika, "Anachonidai." Nyingine andika, "Ninachomdai." Hiyo ya pili ndiyo tunayoisahau kwa sababu ya hofu. Mtu akishtakiwa huona ni mkosaji tu, anasahau kwamba naye ana haki. Andika kila kitu hata kama unakiona kidogo: mzigo usiolipwa, ng'ombe aliyemkopa, kodi ya chumba, ujumbe wa simu alipokiri deni, muamala wa fedha kwa simu. Usifute ujumbe wowote. Usibadilishe simu bila kuuhifadhi.

Siku ya tatu, tafuta msaada wa kweli. Wapo vishoka wanaoandika hati kwa watu, na kuvaa tai hakumfanyi mtu kuwa wakili. Jina la wakili linaweza kuhakikiwa kwenye mfumo wa e-Wakili. Kama huna uwezo, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 ipo kwa ajili yako, na wasaidizi wa kisheria wanatambuliwa na sheria hiyo. Uliza ofisi ya maendeleo ya jamii ya halmashauri wakuelekeze. Uliza masijala ya mahakama. Karani hawezi kukushauri namna ya kushinda, lakini atakuambia hati ziingie lini na ada ni kiasi gani. Tena tangu 2021 sheria imeweka Kiswahili kuwa lugha ya mahakama. Mwambie anayekuandikia akusomee kila mstari kwa lugha unayoielewa kabla hujaweka sahihi. Ukisikia dai lako halijasomwa, usisaini.

Na kama unaona mnaweza kupatana, patana. Mahakama zenyewe hupeleka kesi za madai kwenye usuluhishi. Lakini msikilize dada yako: endelea na mazungumzo huku hati yako imeshaingia. Mdai anayekuambia "usijibu, tutamalizana wenyewe" huku siku zinakwenda, huenda ana nia njema, lakini siku zako 21 hazitamngoja. Mkipatana, makubaliano yataandikwa na kupelekwa mahakamani. Msipopatana, dai lako liko salama ndani ya jalada.

Shangazi bado anakusanya parachichi. Siku hizi mezani kwake kuna kaunta buku mawili. Moja la mizigo. La pili limeandikwa juu kwa kalamu nyekundu, "Wanaonidai na Ninaowadai," na kila mnunuzi ana ukurasa wake. Wasichana wanaomsaidia kupima amewafundisha neno moja kabla ya mizani: tarehe. Mwezi uliopita binti mmoja kati yao alimletea samansi ya mama yake, mgogoro wa deni la ng'ombe, bado siku 17 mkononi. Shangazi hakumuuliza wanadaiwa kiasi gani. Alimuuliza, "Na nyie mnamdai nini?" Binti akafikiri, akasema, "Maziwa ya miezi minne, bibi."

Shangazi akampa karatasi ya pili.

 Kila mmoja na aangalie tarehe zake.

Dada yenu